Sura Kumi na Moja za Shimo la Saba

Sikio la kushoto la Zielonka lilikuwa limekaa vibaya, na mjane wake hakutaka kusikia habari nyingine yoyote.

"Limepanda juu," alisema Bibi Zielonka, akigusa kioo cha kompyuta kwa kidole chenye makombo ya keki. "Gerd wangu hakuwa sungura."

"Nimeshalishusha mara mbili, Bibi Zielonka," alisema Rike.

"Basi lishushe mara ya tatu. Nimelala upande huo miaka arobaini na mmoja, mwanangu. Unadhani silijui?"

Rike Olschewski alivuta mstari mdogo kwenye kioo, unywele mmoja kulia, unywele mwingine kushoto, na sikio la marehemu likashuka na kupanda huku watu elfu thelathini wakitazama.

Kila Alhamisi saa tisa alasiri jiko hili la Gelsenkirchen liligeuka studio. Nusu ya meza ilikuwa ya kahawa na keki ya chenga za siagi, nusu nyingine ya kompyuta, kamera na taa. Rike alikuwa na miaka thelathini na sita. Aliwahi kuwa keshia mpaka duka lilipofungwa, na sasa ulikuwa mwaka wa sita anajipatia riziki kwa kucheza mchezo wa video wa mpira wa miguu mbele ya watazamaji wa mtandaoni. Wenzake katika kazi hii hupiga mayowe, hutupa rimoti ukutani na kununua mastaa. Yeye alikuwa kocha wa timu isiyokuwepo tena: Shimo la Saba, timu ya mgodi wa makaa, ambayo ilizikwa siku mgodi ulipofungwa. Kwenye mchezo aliifufua kwa kikosi kile kile cha mwaka 1974, na sasa ilikuwa daraja la tatu, inawasumbua wakubwa.

Kilichowavuta watazamaji, hata hivyo, hakikuwa mabao, bali sura. Mchezo ule ulikupa mistari themanini na minne ya kuvuta ili umuumbe mchezaji: upana wa pua, kina cha macho, kila kitu. Watu wengi huvuta mitano, wakaridhika. Rike alivuta yote, kwa saa tatu, picha ya zamani ikiwa imeegemezwa kwenye kopo la sukari na mjane au dada wa mchezaji akiwa ameketi ubavuni kumkosoa. Kati ya wale kumi na mmoja, wawili tu walikuwa hai bado: beki mmoja aliyekuwa kwenye nyumba ya wazee, na kipa. Kipa alikuwa Alfons, baba yake Rike, ambaye wakati huo alikuwa ameketi dirishani akipumua kwa shida na kucheka kwa raha.

"Mwache Gerd na sikio lake, Hilde," alisema. "Hakuwahi kulitumia. Nilikuwa namwita 'rudi nyuma!' dakika tisini, hageuki."

Ndipo kengele ya mlango ikalia.

*

Mgeni alikuwa bwana Falkenrath, mkuu wa matangazo wa kampuni iliyotengeneza mchezo. Alikuwa ameandika kwamba angepita, na Rike alikuwa amefurahi, hata amepiga pasi shati. Aliingia na viatu vyenye soli nyeupe, boksi la donati za rangi na tabasamu la mtu aliyekwisha kukubaliwa. Rike aliaga watazamaji akazima kamera.

"Rike! Na huyu ndiye Alfons mwenyewe! Alfons, wewe ni nyota ofisini kwetu, unajua?"

Alfons alimgeukia binti yake. "Huyu kijana ananiita Alfons kana kwamba tumefuga mbuzi pamoja."

Falkenrath alicheka, maana alidhani ni utani. Alisogeza sahani ya keki bila kuuliza, akapanga mezani kadi kumi na moja zinazong'aa. Kampuni ilikuwa imeipenda Shimo la Saba, alisema. Imeipenda mno. Jumamosi ya wiki ijayo toleo jipya la mchezo lingezinduliwa Cologne, na ndani yake kungekuwa na pakiti maalumu za kuuzwa: Wazee wa Shimo. Mtu ananunua pakiti, anaifungua, anapata mzee. Kila mzee na jina lake la utani na namba zake za uwezo.

Rike aliinama. Sura zilikuwa zake. Pua moja tu ilikuwa imemlia alasiri nzima. Chini ya uso wa baba yake kuliandikwa *Mikono ya Siagi*, na namba arobaini na moja. Chini ya mwingine *Tumbo la Bia*. Bibi Zielonka alivaa miwani, akaitafuta kadi ya mumewe, akaisoma kwa sauti kama mtu anayesoma barua ya hospitali.

"Pafu Moja. Kasi kumi na mbili."

Aliirudisha kadi mezani kifudifudi.

"Ni utani wa heshima," alisema Falkenrath. "Kila pakiti ina nyota wakubwa wawili na mzee mmoja wa kuchekesha. Vijana ofisini walikufa kwa kicheko."

"Gerd naye alikufa," alisema Bibi Zielonka. "Si kwa kicheko."

Aliinuka, akavaa koti lake akifunga kila kifungo. Kipande chake cha keki kilibaki kimeumwa mara moja tu. Mlangoni alimwambia Rike, kwa sauti ya chini ambayo ilikuwa mbaya kuliko kelele, "Jina hilo lilikuwa la wenzake kwenye chumba cha kubadilishia nguo. Wao ndio waliombeba alipoishiwa pumzi. Mimi nilikupa wewe, ukaliweka kwenye kamera."

Ilikuwa kweli. Rike alilisimulia hewani mwezi wa pili, kwa upendo wote, na watu wengi waliandika kwamba wamelia. Hakuwahi kufikiri kwamba kati ya wanaosikiliza yupo anayeandika pembeni kwa ajili ya kuuza.

Alirudi jikoni uso ukimwaka. "Hapana," alisema. "Sikubali. Zichukue."

Falkenrath hakukasirika. Hilo ndilo lililomuudhi Rike zaidi: jamaa alimhurumia. Alitoa karatasi. Mwezi wa sita mwaka juzi Rike alikuwa ameiweka timu yake kwenye ubao wa mchezo wa kubadilishana timu, ili mtazamaji mmoja wa Bremen aweze kuitumia nyumbani kwake. Si ndivyo? Basi alipoiweka alitia tiki kwenye kisanduku. Na kisanduku kinasema kila kinachowekwa ubaoni ni mali ya kampuni.

Rike alikijua kile kisanduku vizuri kabisa. Alikuwa amekitia tiki mara mia tatu, kama wote wa kazi yake, maana usipotia tiki ukurasa haufunguki. Nani anakisoma? Ningeapa kwamba hata Falkenrath aliambiwa na mwanasheria siku ile ile asubuhi.

"Kwa hiyo siombi ruhusa, Rike," alisema kwa upole. "Nakuletea zawadi. Unatusafishia sura mara ya mwisho, unatuletea faili Jumatatu kabla ya saa sita, halafu unapanda jukwaani Cologne kufungua pakiti ya kwanza. Tunakulipa. Usipotaka, tunazitoa hivi hivi zilivyo."

"Na sikio la Zielonka?"

"Samahani?"

"Sikio. Bado halijakaa sawa."

Falkenrath alimwangalia kama mtu aliyesikia lugha ngeni, kisha akaacha mkataba mezani, akaacha na donati.

*

Malipo yale yalikuwa yanatosha kabisa bafu jipya. Naona ni haki niseme hivyo, msije mkamwona Carsten mtu wa tamaa.

Carsten, mumewe Rike, alikuwa fundi kwenye karakana ya tramu, mtu mpana mwenye maneno machache. Kila Jumatano na kila Jumamosi ilimbidi amwinue baba mkwe wake kumtia kwenye beseni la kuogea, kisha amwinue kumtoa, kwa sababu ukingo wa beseni ulikuwa juu na mapafu ya Alfons hayakuweza tena kupanda hata ngazi mbili. Mzee alikuwa akifumba macho wakati wa kuinuliwa. Carsten naye alikuwa akitazama vigae vya ukutani na kuzungumzia mpira. Hivyo ndivyo walivyostahiana, mara mbili kwa wiki, kwa mwaka wa pili.

Jumamosi hiyo Carsten alitoka bafuni akiwa amelowa mpaka kifuani.

"Tia sahihi," alisema.

"Umeziona zile kadi?"

"Nimeziona. Ni mbaya. Tia sahihi. Wameshazichukua, Rike, watazitoa utake usitake. Tofauti ni moja tu: baba yako ataoga kama mtu, au ataendelea kuinuliwa kama gunia."

"Wewe ungepanda jukwaani uwachekee?"

"Ningepanda na suruali ya kuogelea kama wanalipa bafu."

Alfons alikuwa amesimama mlangoni amejifunga taulo, ameshika fremu kwa mikono yote miwili. Hawakumsikia akifika.

"Mimi ni mikono ya siagi kweli," alisema, akivuta pumzi kila baada ya maneno machache. "Nilifungwa mabao tisa na Herne. Tisa, Carsten. Waniite watakavyo. Lakini Gerd... Gerd alirudi chini ya ardhi na pafu moja kwa sababu alikuwa na watoto wanne. Tulimwita vile ili asione haya. Ndiyo maana yake. Mtu anayemwita hivyo awe amembeba."

Carsten alimfunika koti la kuogea mabegani. Rike aliingia jikoni akapiga simu. Hakujali kwamba ni Jumamosi, na Falkenrath alipokea, kwani watu wa namna yake hupokea siku zote.

"Nitatia sahihi," alisema Rike. "Badilisheni majina tu. Mawili. Hata moja. Hilo la Zielonka."

"Majina yameshachapishwa, Rike. Usilitie moyoni hivyo. Wewe unateseka na masikio na pua, nami naheshimu, kweli, lakini nikuambie siri ya biashara hii? Watu wanatazama namba. Sura hakuna anayeitazama."

"Hata ninyi?"

"Sisi? Wale wazee wote wana masharubu!" Akacheka. "Tuletee faili Jumatatu. Mfumo unapokea wenyewe."

Rike alikata simu, akakaa. Mbele yake kulikuwa na kopo la sukari, na picha ya Gerd Zielonka aliyecheka na jua machoni mwaka 1974. Hakuna anayeitazama. Hasira ilimpanda, ikatulia kifuani, na hapo ndipo akapata wazo. Lilikuwa wazo la kitoto, na alilijua hivyo. Alilipenda mara moja.

*

Kampuni ilikuwa na ukurasa wenye picha za wakubwa wake, na Falkenrath alikuwa amepigwa picha kila upande: wa mbele, wa ubavu, akicheka, mikono imefungwa kifuani. Wajane hawakuwahi kumletea Rike picha nzuri kiasi kile.

Jumapili asubuhi alianza. Alivuta mistari yote themanini na minne. Kidevu chenye kishimo. Nyusi ya kulia iliyokatika katikati. Meno yale. Alimfanya kwa haki kabisa, bila kumzidishia pua, kwa sababu kazi ni kazi, na alipomaliza Falkenrath alimtazama kutoka kwenye kompyuta akiwa hai kuliko alivyokuwa jikoni. Kisha akambandika masharubu ya Zielonka. Kisha kofia ya mchimbaji. Kisha akamnakili mara kumi na moja: wa kwanza na masharubu, wa pili na ndevu, wa tatu na kipara cha yule winga, mmoja na glovu za kipa.

Carsten aliingia na vikombe viwili vya kahawa. Alisimama nyuma yake. Kahawa ikapoa mkononi.

"Huyo si yule wa donati?"

"Ndiye."

"Wote?"

"Wote kumi na mmoja."

Carsten aliweka vikombe chini taratibu. "Watakufungia, Rike. Watakutoa kwenye mchezo wao wewe na timu yako, na hutaingia tena mpaka uzeeke. Miaka sita ya kazi. Na bafu ndiyo basi."

"Najua."

"Unajua?"

"Najua, Carsten! Najua kila kitu. Lakini nimewaumba hawa watu mmoja mmoja. Nimekaa na wajane wao. Nikisimama pale nikicheka, Alhamisi nitamwangalia nani usoni?" Alijifuta macho kwa mkono kana kwamba ni jasho. "Na wakiona kabla, wakinipigia, nitawarudishia faili la kweli. Naapa. Nikiona kuna mtu mmoja tu kule aliyewatazama wazee wetu, nitaamini wanastahili. Wana siku tano."

Carsten alimkodolea macho yule Falkenrath wa glovu za kipa. Kitu kikaanza kumtetemesha begani. Alijitahidi kukizuia, kikamshinda, akacheka mpaka akashika meza.

"Mungu wangu," alisema. "Anafanana mpaka basi."

Jumatatu saa nne asubuhi faili lilikwenda, pamoja na mkataba uliotiwa sahihi. Karatasi ya malipo Rike aliijaza pia, jina na anwani, ila mahali pa namba ya benki alipaacha wazi. Hakutaka hata senti moja iingie ndani ya nyumba.

Jumanne aliandikiwa. Alipoona jina la kampuni aliufungua ujumbe kabla hajaketi. *Kazi ya ajabu, Rike! Sura zina uhai!* Chini palikuwa na saa ya treni ya Cologne. Kuhusu benki, hakuna aliyeuliza.

Mtu angedhani angefurahi. Alisikia uchungu mtupu, kama mtu aliyebisha hodi siku nzima akijua ndani wamo.

Jumatano alipeleka bati la keki kwa Bibi Zielonka, aliyelipokea mlangoni bila kumkaribisha.

"Njoo Cologne nasi Jumamosi," alisema Rike. "Una kiti cha mbele."

"Siendi kumtazama mume wangu akichekwa."

"Njoo, Bibi Zielonka. Yeye hatakuwepo."

Ajuza alimwangalia, bati likiwa kifuani. Alikuwa amelea watoto wanne wenye ujanja, na macho ya namna ile alikuwa ameshayaona.

"Saa ngapi?" aliuliza.

*

Ukumbi ulijaa watu elfu tatu, na wengine wasiohesabika walikuwa kwenye mitandao. Jukwaani palikuwa na moshi, taa za buluu na kioo kirefu kama nyumba ya ghorofa mbili. Alfons alikuwa safu ya kwanza kwenye kiti cha magurudumu alichokichukia, skafu ya Shimo la Saba shingoni. Kulia kwake Carsten, kushoto kwake Bibi Zielonka, mkoba magotini.

Nyuma ya pazia binti mmoja alimbandika Rike kipaza sauti shavuni, akamwambia atabasamu anapobonyeza. Hakumwambia jina lake, wala hakumuuliza la kwake. Kisha Falkenrath akamshika bega, wakatoka pamoja kwenye mwanga, na ukumbi ukapiga kelele.

"Mwanamke aliyewafufua wazee!" alitangaza Falkenrath. "Rike, uko tayari? Kampuni nzima imekuwa ikiisubiri siku hii!"

"Hata mimi," alisema Rike.

Alibonyeza.

Pakiti ikapasuka kwenye kioo kwa fataki na tarumbeta. Nyota wa kwanza akatoka, watu wakashangilia. Nyota wa pili, wakashangilia zaidi. Kisha muziki ukageuka wa kuchekesha, wa kinanda cha mdomo, na kadi ya tatu ikazunguka, ikazunguka, ikasimama.

*Mikono ya Siagi. Arobaini na moja.*

Juu ya maneno hayo alisimama bwana Falkenrath mwenye kimo cha mita sita, kofia ya mchimbaji kichwani, masharubu yakiwa yamemshukia mdomoni.

Kwanza hakuna aliyecheka. Watu elfu tatu hawamjui mkuu wa matangazo wa kampuni. Ila alikuwa amesimama papo hapo chini ya picha yake, mwanga ukimpiga, tabasamu lile lile, kishimo kile kile cha kidevu. Mtu wa safu ya pili, mwenye kitambulisho cha kampuni shingoni, alianza kucheka kwa pua. Kicheko kikaenea. Kikafika nyuma kabisa kwa wale waliokuwa wamesimama.

Falkenrath alikuwa bado hajageuka. Alidhani wanamcheka mzee, basi akacheka nao, na kupiga makofi.

"Tuwaone wengine!" alisema.

Rike akawaonyesha. *Tumbo la Bia*: Falkenrath mwenye ndevu. Winga: Falkenrath mwenye kipara. *Pafu Moja, kasi kumi na mbili*: Falkenrath na masharubu mengine. Hapo kicheko kilikuwa kinatikisa viti, na hatimaye jamaa akageuka, akajiona.

Tabasamu lilimtoka usoni kwa hatua, kama taa zinazozimwa chumba kwa chumba. "Nini hiki?" alinong'ona. "Umefanya nini wewe?"

"Nimesafisha sura mara ya mwisho. Iko kwenye mkataba."

"Lini?"

"Jumatatu saa nne asubuhi. Mliniandikia kwamba zina uhai."

"Ondoa!" Alisahau kunong'ona. Alisahau pia kwamba kipaza sauti chake kilikuwa shavuni. "Ondoa sasa hivi! Huo ni uso wangu! Huwezi kuchukua uso wa mtu ukauza bila kumuuliza!"

Sauti yake ilikwenda mpaka mwisho wa ukumbi ikarudi. Kicheko kilikatika. Watazamaji wa Alhamisi, ambao walikuwa wengi mle ndani kuliko Rike alivyodhani, walikuwa wameshaelewa kabla ya wengine.

Bibi Zielonka aliinuka. Hakuwa na kipaza sauti, hakukihitaji.

"Hayo ndiyo maneno!" alisema. "Yarudie, kijana. Huyo wa pafu moja alikuwa mume wangu, na mimi sikuulizwa!"

Makofi yalianzia nyuma, miongoni mwa waliosimama. Walinzi wawili walipanda jukwaani kumtoa Rike, na Rike alitoka nao kichwa juu, bila kushikwa mkono, huku Alfons akipunga skafu kwa nguvu zote alizokuwa nazo, mpaka Carsten akamshika kiti asije akadondoka kwa furaha.

*

Walimfungia kabla treni haijafika Gelsenkirchen. Jina lake likafutwa kwenye mchezo, na timu, na misimu sita ya mechi, na daraja la tatu. Barua ya wanasheria ilikuja siku ya nne, ndefu, yenye vitisho. Ya pili, iliyokuja baada ya video ya ukumbini kuzunguka nchi nzima, ilikuwa fupi: kampuni imeamua kuziondoa pakiti za Wazee wa Shimo na haina la kuongeza. Kuomba radhi hawakuomba. Sikio la Zielonka hawakulitaja.

Jumamosi iliyofuata Carsten alikuja na wenzake watatu wa karakana, wakaling'oa lile beseni kwa nyundo na matusi, wakalishusha ngazi huku majirani wote wakichungulia. Walijenga bomba la mvua lisilo na ukingo, kwa vigae vilivyobaki vya rangi tatu tofauti. Halikuwa bafu la kwenye magazeti. Mzee aliingia akitembea, akafunga mlango mwenyewe, akaimba.

Na Alhamisi saa tisa alasiri Rike aliweka kamera mezani. Alikuwa amechimbua kabatini diski ya zamani ya mchezo ule, ya miaka minne nyuma, isiyohitaji mtandao wala ruhusa ya mtu. Mistari yake ilikuwa michache: hamsini na mbili. Hapakuwa na ubao wa kubadilishana, wala kisanduku cha kutia tiki. Ilibidi aanze kumi na mmoja wote upya, kutoka daraja la mwisho kabisa.

Kengele ililia. Bibi Zielonka aliingia na bati lake la keki, akavua koti, akakaa kwenye kiti chake cha kila siku. Aliegemeza picha ya mumewe kwenye kopo la sukari na kuinyoosha kidogo.

"Haya," alisema, akivaa miwani. "Tuanze na sikio."